Sinema Ambayo Ghalib Hafi

Ghalib alikuja Guangzhou, China, kununua jinzi, akaishia kufa. Msishtuke. Ndiyo iliyokuwa kazi yake, na Mungu anisamehe, aliiweza kuliko biashara.

Tulikuwa tunashuka barabara ya Guangyuan Xilu, yeye kabeba robota, mimi namgombeza kwa kuuziwa suruali zenye zipu mbovu, mara mtu mwenye kofia akamsimamisha na kumzunguka akimtazama mabega. Mtu wa sinema huyo; walikuwa wanatafuta Mwafrika wa kuigiza mlinzi wa tajiri. Kabla wiki haijaisha Ghalib alikuwa ndani ya suti nyeusi, kachomwa kisu ngazini, na zile jinzi nimebaki nazo mimi.

Miaka ile mji wote ulikuwa ndotoni. Leo unapita kiwanjani, kesho pana ghorofa linawaka taa mpaka mawinguni. Kwa hiyo sikushangaa sana mtoto wa Kikwajuni alipokuwa baharia wa kale, kisha mjumbe wa mfalme, kisha jambazi. Maneno hakupewa. Aliingia, akakunja uso, akafa. Pale mtaani kwetu Xiaobei watu walimkodolea macho wakijaribu kukumbuka wamemwona wapi, naye akatabasamu na kupita taratibu, kama mtu anayetembea usingizini. Alikuwa na furaha, na mimi nilimwonea wivu.

Tatizo lilikuwa mama yake. Nilipokwenda Unguja na mzigo wangu wa midoli ya soko la Yide Lu, nilimpelekea Bi Sihaba sidii ya kwanza nikidhani nampelekea furaha. Bibi wa watu alijua ni mchezo. Hata hivyo alilia mpaka kanga ikaloa, kisha akampigia mwanawe simu.

“Umekufa mbele yangu, na hata shahada hukutamka,” alimwambia. “Macho yangu haya yanafunga, mwanangu, naona ukungu tu. Nitafutie moja ambayo hufi. Nataka nikuone mzima mpaka mwisho.”

Tangu siku hiyo Ghalib alikosa raha. Aliomba kila sinema aachwe hai, wakamcheka.

Siku moja alinichukua nikamtazame kazini. Ukumbi ulijaa moshi wa mashine, mweupe, na ndani yake askari wa zamani walikuwa wanakula wali wa boksi kimya kimya. Sikujua tena ni saa ngapi wala ni karne gani. Ghalib alitakiwa apigwe risasi mlangoni. Msichana mmoja akamletea bahasha nyekundu kwa mikono miwili. Ndiyo ada yao: anayeigiza maiti hupewa bahasha ya kuondoa nuksi, asije akafa kweli. Ghalib alikuwa ameshapokea nyingi.

Safari hii akaweka mikono nyuma. “Buyao,” akasema. Sitaki.

Msichana akarudi nyuma. Mpiga picha akaiacha kamera. Nani angethubutu kumpiga risasi, hata ya uongo, mtu aliyekataa bahasha? Nuksi ingewaangukia wote.

“Chukua, rafiki yangu, chukua,” mwongozaji, Mzee Liang, akambembeleza.

“Laoban, mama yangu anataka kuniona mzima,” Ghalib akamjibu bosi wake kwa Kichina cha kubishania bei.

Mzee Liang akakuna kichwa, akawatazama watu wake waliogoma, mwishowe akapunga mkono: basi, asife, atoke mlangoni aende zake. Ghalib akaupita ule moshi polepole, akafungua mlango, akatoweka kwenye mwanga. Nilipiga makofi peke yangu.

Sinema ilipotoka, mwenzetu Dullah alikuwa anasafiri, tukampa sidii ya Bi Sihaba kabla hata sisi hatujaitazama. Haraka zetu hizo! Ya kwetu tuliitia kwenye deki ya mgahawa wa Huanshi Zhonglu siku chache baadaye. Tukatazama mpaka mwisho. Ghalib hayumo. Mlango haumo. Maiti ana kazi kwenye hadithi. Anayetoka akaenda zake, wamemkata. Majina yakapanda, naye akayatazama yote ingawa hajui kuyasoma. Nilimhurumia mpaka chakula kikanishinda.

Simu yake ikalia. Bi Sihaba huzungumza na simu kama anamwita mtu wa mtaa wa pili, basi tukamsikia sote.

“Nimeitazama yote, mwanangu! Nimeisogelea televisheni mpaka dada yako Faudhia kanigombeza. Sikupepesa hata kidogo. Alhamdulillahi, humu hukufa!”

Ghalib akafumba macho.

“Sikufa, mama,” akasema. “Sikufa.”