Mkalimani wa Jumapili

Kila Jumapili, misa ikishakwisha na chapati zikiwa zimefunikwa kwa kitambaa, Loice Mutuku aliketi mezani kwake Alief, mtaa wa Houston, Amerika, simu katikati, binti yake upande mmoja na mama yake upande wa pili. Huo upande wa pili ulikuwa Mbooni, Makueni, ng'ambo ya bahari, lakini Loice alijiweka sawa na kuvuta blauzi kana kwamba mama angemwona.

Mama alikuwa na Kikamba chake na Kiswahili kidogo cha sokoni. Binti alikuwa na Kiingereza, na Kiswahili cha kuamrishwa tu: njoo, kula, zima taa. Wote wawili waliitwa Apolonia, kwa sababu mtoto alipewa jina la nyanyake, susu kwa Kikamba, kama Wakamba wafanyavyo. Ila yule wa Houston shuleni alijiita Polly, na yule wa Mbooni hakuwahi kuambiwa habari hiyo.

"Mwambie wajina wangu," mama alisema kwa Kikamba, "nimechoka kuongea na kisanduku. Mtoto gani huyu asiyekuja kumwona nyanyake? Anangoja nife ndipo aje kula wali wa matanga?"

Loice akamgeukia binti yake kwa uso mkunjufu na Kiingereza laini. "Susu anasema anakupenda sana, na usome kwa bidii."

"Okay," Polly alijibu, macho kwenye simu yake mwenyewe. "Tell her hi. Can I go now?"

Loice akainamia kisanduku na kumwita mama kwa Kikamba. "Mwaitu, mtoto anasema anakukumbuka mchana na usiku. Shule ikifungwa atakuja."

Mama akaguna, kisha akatema mate kidogo, ptu, jinsi wazee wa Ukambani wanavyombariki mtoto.

"What was that?" Polly aliuliza.

"Network," Loice akasema, akafunua chapati.

Usimwone mwongo. Huyu ndiye mwanamke ambaye Wakenya wa mtaa ule walimwita nyumba ya mtu ikiwaka moto wa ugomvi. Mume akitukana, Loice anampelekea mke maneno hayo yakiwa yamepigwa pasi. Mke akijibu kwa kisu, mume anapokea ua. Wengi walipatana kwa njia hiyo, na wengine wakazaa mabinti wakawaita Loice. Basi angewezaje kuwa na ulimi huo kwa watu wa nje na kuwanyima wa damu yake? Isitoshe, kwenda Kenya hakungewezekana. Karatasi zake za uhamiaji zilikuwa zinashughulikiwa, mwaka baada ya mwaka, na mtu wa karatasi zinazoshughulikiwa akitoka Amerika, kurudi ni bahati nasibu. Mumewe alikuwa dereva wa malori ya masafa, leo Oklahoma, kesho Georgia, na hakuwa na la kusema ila "vumilia tu." Loice alivumilia. Alimtamani mama yake kwa namna ya kuumiza kifua. Kuna wakati alisimama dukani, mbele ya mbaazi za kopo, akalia kama mtoto aliyepotea, kisha akapangusa macho na kuendelea kusukuma kigari.

Kazi yake ilikuwa kuwatunza wazee majumbani. Baada ya mafuriko ya kimbunga Harvey, mwaka 2017, alipelekwa mji jirani wa Pearland kwa mzee mmoja mgane mwenye miaka themanini na ushei, injinia mstaafu wa mabomba ya mafuta, jina lake Emrys Pritchard. Loice alimdhania Mwingereza na akasema hivyo. Lo! Mzee alikaribia kuinuka bila mkongojo. Akamfahamisha kwamba yeye ni Mwelisi, kutoka Welisi, ile nchi ndogo ya milima iliyobanwa ubavuni mwa Uingereza, na kwamba lugha yake ilikuwa na mashairi wakati Kiingereza bado hakijajua kutembea. Loice aliomba radhi. Alikumbuka jinsi yeye mwenyewe anavyowaka watu wakimwita Mnaijeria.

Sebuleni mwa mzee mlikuwa na kiti cha mwaloni chenye nakshi mgongoni, na hakuna aliyekikalia. Loice hakuhitaji kuambiwa. Hata kwao kigoda cha mzee hakikaliwi na kila mpita njia, kwa hiyo alikifuta vumbi na kukizunguka. Jambo hilo lilimpendeza mzee kuliko dawa zote alizomnywesha. Akamweleza kuwa kiti alikipata babake, mchimba mawe, kwa kushinda mashindano ya ushairi. Kule mshairi bora hutunukiwa kiti. Loice alicheka sana. Kwao mshairi bora hutunukiwa kazi ya kutunga mashairi ya kila mazishi kijijini, bure.

Juu ya kiti, ukutani, palining'inia fremu yenye shairi la mistari minne. Babake mzee alilitunga siku mwanawe alipopanda meli kuja Amerika. Kiwelisi kilikuwa juu, na chini yake Kiingereza alichotafsiri Emrys mwenyewe. Jioni, akishakunywa supu, mzee alifumba macho na kulighani lile la Kiwelisi. Loice hakuelewa hata neno, lakini sikio lake lilinasa kitu: sauti zilizopigwa kwenye ukwapi, nusu ya kwanza ya mstari, zilirudi kwenye utao, nusu ya pili, moja baada ya nyingine, kwa mpangilio uleule, hakuna iliyopotea njiani. Akamkumbuka mwalimu wake wa Kiswahili wa sekondari, aliyekuwa akigonga meza kwa rula akihesabu mizani. Alimwambia mzee kwamba hata Waswahili hawaruhusu mshororo kutembea uchi, una vina vyake na vipimo vyake, na tangu hapo walikuwa marafiki.

Kiingereza cha kwenye fremu kilikuwa kitamu. Kilisema: nenda, mwanangu, kwenye jua lililo pole; paa la kwetu litakutunzia nafasi; mvua ikinyesha nitakukumbuka; niandikie jinsi jua linavyowaka. Charlotte, binti pekee wa mzee, aliyekuwa meneja katika ofisi kubwa huko Plano, kaskazini mwa Texas, alikisoma siku ya arusi yake mbele ya wageni, na wengi walitoa leso.

Jumapili moja ya mwaka 2019 Loice alilazimika kuwa kazini. Hakutaka simu ya mama impite, kwa hiyo akaunganisha watatu: mama Mbooni, Polly Alief, yeye jikoni mwa mzee akimenya viazi, spika imefunguliwa. Mama siku hiyo alikuwa na maneno. Alizungumza tangu kiazi cha kwanza hadi sufuria ikajaa, kuhusu goti, kuhusu mbuzi, kuhusu upweke, kuhusu mabinti wanaomezwa na Amerika. Alipomaliza, Loice akamwambia Polly: "Susu anasema yuko salama, na anakupenda."

Kicheko kikasikika kutoka sebuleni. Loice alipokata simu na kwenda kuona kulikoni, mzee alikuwa anajipangusa macho.

"Yule mama amesema kwa muda mrefu," alisema. "Wewe umesema kidogo. Hayo mengine umeyaweka wapi?"

"Nimemfupishia mtoto," Loice akasema. "Mama yangu ana ulimi mkali. Mtoto hatamwelewa, ataumia bure."

Mzee aliacha kucheka. Akanyoosha mkongojo kuelekea kwenye fremu. "Basi umefanya nilichofanya mimi pale."

Akamwambia Loice asome Kiingereza kile, kisha ayasahau yote aliyosoma. Halafu akalighani la Kiwelisi polepole, mstari kwa mstari, na kila mstari akauvua nguo mbele yake. Loice aliusikia kwa Kiingereza kikavu, lakini ulimwingia moyoni kwa Kiswahili: Nilikulea uwe nguzo ya paa langu. Umekwenda kushikilia paa la wageni. Mvua inaninyeshea, mwanangu. Usiniandikie kwamba huko jua linawaka.

Maneno yale Loice angeweza kuapa ameyasikia kwenye simu ya Mbooni.

"Nilijaribu kwa miaka," mzee alisema. "Nikifuata sauti, Kiingereza kinakuwa kizuri na kinakuwa uongo. Nikifuata maana, hakuna shairi, kuna baba mwenye hasira tu. Charlotte alikuwa mdogo, akaniuliza babu alisema nini. Ningemwambia babu alinilaani? Nikampa kizuri. Sasa anampenda babu ambaye hajawahi kuwepo."

"Lakini anampenda," Loice akasema.

"Ndiyo. Na yule wa kweli hana mtu."

Loice hakukubaliana naye. Njia nzima ya kurudi Alief alibishana naye peke yake ndani ya gari, akipiga usukani. Huyo ni Mzungu, alijiambia, ana nafasi ya kuchezea ukweli. Mimi nina mtoto mmoja na mama mmoja na simu moja. Hata hivyo, Charlotte alipokuja mwezi uliofuata, na mzee akamkalisha na kumpa shairi likiwa kavu, Loice alibaki mlangoni na trei ya chai, hawezi kuingia wala kutoka. Charlotte aliwaka. Alisema amesoma uongo siku ya arusi yake, akachukua mkoba, na gari lake likaondoka kwa kishindo. Wiki zikapita. Loice akamwangalia mzee kwa jicho la unaona sasa?

Kisha Charlotte akarudi. Hakuja na maua. Alikaa karibu na babake na kuuliza huyo babu alikuwa mtu wa namna gani, alikasirika hivyo siku zote, alikula nini, alikufa na nani kando yake. Mzee alijibu, na palipouma alilia, na binti hakuondoka. Loice alikuwa hajamwona Charlotte akikaa hadi chai ya pili.

Usiku ule aliapa kwamba Jumapili atamwambia Polly. Jumapili ilipofika mama alikuwa na mafua, Loice akasema moyoni: si leo, na mafua haya. Jumapili nyingine Polly alikuwa na mtihani. Nyingine Krismasi. Ahadi ikasogezwa na kusogezwa, kama anavyosogeza kila mtu, na mwaka 2020 ukaingia.

Machi, korona ikaja, dunia ikafungwa. Ndege zikasimama, na wale wenye karatasi na wale wasio nazo wakawa sawa. Mzee Emrys alihamishiwa Plano kwa bintiye kabla barabara hazijawa za kuogopwa, na Loice akabaki nyumbani na Polly, ambaye sasa alikuwa na miaka kumi na minne na hasira ya kufungiwa. Ndipo Shem, kakake Loice, akapiga simu si Jumapili. Moyo wa mama ulikuwa umechoka. Daktari wa zahanati alisema wampumzishe tu. "Anataka kuongea na wajina wake," Shem alisema. "Nimemshikia simu."

Loice akamwita Polly, akaweka spika. Sauti ya mama ilikuwa nyembamba, lakini ulimi ulikuwa uleule.

"Mwambie huyo mtoto nimemkasirikia. Nimempa jina langu, na sijui hata ananukia vipi. Nimekaa barazani nikiangalia njia, miaka, nikiambiwa anakuja, anakuja. Mwambie ameniacha nife nikimngoja."

Loice akafungua kinywa. Sukari ilikuwa tayari ulimini: Susu anasema anakupenda. Akamtazama Polly, aliyekuwa amesimama akichezea kamba ya sweta, akingoja kuambiwa anapendwa ili aende zake. Loice alihisi kwamba akimeza maneno haya, hayatasemwa tena na mtu yeyote.

"Anasema amekukasirikia," alisema. Na akamwambia yote, la harufu na la njia na la kufa, hakupunguza.

Polly aliacha kamba. "Huwa anaongea hivyo?"

"Siku zote."

"So what have you been telling me?"

Polly akavuta kiti, akaisogelea simu mpaka pua ikakaribia kuigusa, na kwa mara ya kwanza alimwambia nyanyake jambo. Alisema kwa Kiingereza, sauti ikikatika: mimi pia nina hasira. Kila mtu ana nyanya wa kumwona, mimi nina wa kusikia. Sijui niongee nawe nini, kwa sababu kila nikikupigia unasema unanipenda tu, unanipenda tu, kama kadi ya dukani. Hata shule sitaki kukuambia, maana hujawahi kuniuliza.

"Mwambie," Polly akamwamuru mama yake. "Mwambie hivyo hivyo."

Loice akamwambia hivyo hivyo, kwa Kikamba, machozi yakimtiririka. Upande wa Mbooni kukawa kimya. Alidhani amemuua mama yake. Halafu kicheko kikaja, chembamba, chenye kikohozi ndani yake.

"Huyu ndiye wajina wangu," mama alisema. "Yule mwingine alikuwa nani?"

Waliongea tena siku chache, Apolonia na Apolonia, wakigombana na kuulizana, Loice akikimbia katikati bila kupumzika. Mama alikufa baada ya Pasaka. Alizikwa asubuhi na watu wachache waliosimama mbalimbali, na Loice alimwona kwenye kioo cha simu ya Shem akishushwa kaburini, picha ikikwama na kuachia. Alipiga magoti sakafuni Alief na kumwita mwaitu mpaka sauti ikamwisha.

Siku zilipopita kidogo, Polly alikuja jikoni akakaa mezani, upande wake uleule. Alitaka jambo moja. Alitaka mama yake arudi nyuma, Jumapili zote, tangu alipokuwa mdogo, amwambie susu alikuwa akisema nini hasa.

Loice akaweka mwiko chini. Alikuwa na hamu ya kumpa kuliko chochote alichowahi kumpa. Akafumba macho, akaitafuta ile sauti kavu ya Kikamba, Jumapili kwa Jumapili, mwaka kwa mwaka. Alilopata ni la mbuzi, na la goti, na la wali wa matanga. Kwingine kote, alipotega sikio, alijisikia yeye mwenyewe tu, akisema kwa Kiingereza laini kwamba susu yuko salama na anakupenda.