Merle Tveit, Mshika Mnyororo

Ukitaka kumjua Merle Tveit, usingoje azungumze, utaota mvi. Maisha yake yote aliendesha pikapu katika barabara za mashamba ya mahindi ya Elstad, huko Minnesota, na kila alipopishana na gari la jirani aliinua kidole cha shahada kutoka kwenye usukani, basi, salamu imekwisha. Jirani kafiwa, kidole. Jirani kapata mtoto, kidole, labda na kutikisa kichwa kidogo. Mkewe Ardis, ambaye alijaliwa maneno ya kuwatosha wote wawili, alipenda kusimulia kwamba hata siku alipomposa, Merle hakufungua kinywa. Alimletea ndama.

Jumamosi za majira ya mavuno Merle alikuwa na kazi aliyoipenda kuliko hata ng'ombe wake. Alishika fimbo ya mbele ya mnyororo kwenye uwanja wa Chuo cha Nordhus, ambako timu ya mpira wa Kimarekani inaitwa Korongo. Mnyororo una urefu wa yadi kumi na fimbo kila mwisho. Timu hupewa majaribio manne ya kuusogeza mpira umbali huo, na ikishindwa mpira unakwenda kwa wenzao. Macho yakibishana, mnyororo unaletwa uwanjani, unanyooshwa, na ubishi unaisha. Washika mnyororo hawalipwi kitu zaidi ya kahawa na soseji ndani ya mkate. Wanasimama upande wa wageni, migongoni mwa wapinzani, wamevaa vizibao vya rangi ya chungwa, na wana sharti moja: aliyevaa kizibao hashangilii. Hapigi makofi, haruki, haguni. Mwingine angeiona hiyo ni adhabu. Kwa Merle palikuwa mahali pekee duniani ambapo hakuna mtu aliyemuuliza mbona umenyamaza.

Tabu ilianza Anders alipovaa jezi ya Korongo.

Anders alikuwa mjukuu wao. Alifika kwao na kibegi kimoja akiwa na miaka sita, baada ya saratani kumchukua mama yake, Karin, binti yao wa pekee, ambaye hakuwahi kuolewa. Ardis alimlea kwa maneno na Merle kwa kazi. Alimfundisha kukamua, kuendesha trekta, kumtuliza ndama anayeogopa radi. Mtoto alipoamka akilia, babu yake alikuja akakaa ukingoni mwa kitanda na kubaki pale kimya mpaka usingizi umrudie. Alimpenda yule mtoto mpaka kifua kilimuuma, na hakuwahi kumwambia. Alidhani mtoto anajua. Wanaume wa Elstad wengi wamezikwa na dhana hiyohiyo.

Uwanjani Anders hakuwa nyota. Alikuwa mkimbiaji wa tatu, maana yake ni kwamba wawili walipaswa kuumia ndipo kocha akumbuke jina lake. Misimu mitatu alilipasha joto benchi, akiingizwa dakika za mwisho mechi ikiwa imeshaharibika. Hapo Ardis angesimama jukwaani, atikise kengele ya ng'ombe na kupiga kelele mpaka watoto wa watu waanze kulia. Ng'ambo ya uwanja, Merle angeinua kidole kimoja kutoka kwenye fimbo. Sasa niambie, ni nani aliye ndani ya helmeti, jasho likimwingia machoni, atakayeona kidole?

Msimu wa nne, ambao kwa Anders ulikuwa wa mwisho, Korongo walipoteza kila walichogusa. Mechi ya kwanza ilikwenda kwa mkwaju wa sekunde ya mwisho. Ya pili walifungwa kwenye mvua mpaka watu wakawaonea huruma. Safari nyingine basi liliharibika njiani, wakafika kwa kuchelewa lakini kwa wakati wa kutosha kufungwa. Kwenye mgahawa wa mjini wazee waliulizana, "Korongo mmewaona wiki hii?" "Wapi! Wameshahamia kusini, baridi imewashinda." Ilipobaki mechi moja tu, hapo nyumbani, hata mzaha ulikuwa umechuja.

Jumapili kabla ya mechi hiyo Anders alikuja kula chakula cha mchana. Ardis aliweka mezani bakuli lake la viazi na nyama ya kusaga lililotoka kwenye oveni, na chapati za viazi ambazo watu wa huko huzipaka siagi na sukari. Kijana alikula nusu sahani, akaweka uma.

"Babu, Jumamosi ndiyo mwisho. Baada ya hapo ni ualimu, mpira basi."

"Ndiyo."

"Nataka ukae jukwaani na Bibi. Mara moja tu. Bibi namsikia kila wiki, hata wapinzani wanalijua jina langu kwa ajili yake. Wananiuliza, 'Yule mama ni nani wako?'"

"Waambie nawasalimu," alidakia Ardis.

"Lakini wewe Babu sijakusikia hata siku moja. Nataka nikusikie."

Merle alitazama siagi. "Tutaona," alisema.

Katika nyumba ile "tutaona" ilikuwa hapana iliyovaa nguo za kanisani. Anders aliijua tangu utotoni. Aliosha sahani yake, akambusu bibi yake shavuni, akarudi chuoni.

Ardis alingoja mpaka gari lipotee. "Merle Tveit, umemsikia mtoto? Hajaomba gari. Hajaomba shamba. Ameomba sauti yako. Unamtunzia nani, funza?"

Merle alivaa kofia, akatoka. Aliendesha moja kwa moja hadi kwa Delmar Skogen, aliyeshika fimbo ya nyuma tangu wote wawili wana nywele nyeusi. Alimkuta anatengeneza mlango wa ghala.

"Delmar, Jumamosi sitashika."

Delmar aliangusha nyundo. "Daktari amekwambia nini?"

"Si daktari. Anders anataka nimshangilie."

"Wewe?"

"Mimi."

"Unajua kushangilia, wewe?"

"Nitajifunza."

Delmar alicheka mpaka akashika ukuta, kisha alipouona uso wa rafiki yake akaacha. "Haya, ndugu yangu. Nina mkwe wangu, Kyle, anauza bima huko Minneapolis. Yuko huku wiki nzima anakula chakula changu. Atashika yeye. Wewe kafanye mazoezi zizini, ng'ombe hawatamwambia mtu."

Alisema kwa mzaha, ila Merle alikwenda kweli. Jioni ile, baada ya kukamua, alifunga mlango wa zizi, akakohoa, akaita, "Anders!" Ng'ombe waligeuza vichwa wote kwa pamoja. Mmoja aliacha kutafuna. Merle akaona haya, akawaongezea majani.

Jumamosi ilikuja na baridi ya kukata masikio. Merle aliketi jukwaani kwa mara ya kwanza, mgongo umenyooka, mikono haijui pa kukaa. Ardis akampa kengele. Aliishika kama yai. Watu walipita wakimgonga bega, "Merle, umefukuzwa kazi?" naye akainua kidole. Mechi ilikuwa ya kubanana, Korongo wako nyuma kwa pointi nne tu, lakini Anders hakuingia nusu ya kwanza, wala robo ya tatu. Merle alikuwa tayari. Sauti alikuwa nayo pale kooni, ameishikilia toka asubuhi, anaogopa akikohoa itatoka bure.

Sasa Kyle. Mshika mnyororo yeyote anajua kwamba wachezaji wakija kwako unaiachia fimbo na kurudi nyuma, unaomba samahani baadaye. Kyle alikuwa anatazama mpira. Walimjia watu watatu wenye uzito wa ng'ombe wa maonyesho, naye akabaki ameikumbatia fimbo yake mpaka wakampitia. Walipomwinua, kifundo cha mguu kilikuwa kimevimba.

Mchezo ukasimama. Kipaza sauti kikasema, "Tunaomba mtu yeyote anayeujua mnyororo ashuke uwanjani."

Jina halikutajwa. Jukwaa lote, safu kwa safu, liligeuka kumtazama Merle.

Alitazama mbele. Angeweza kukataa. Lakini bila mnyororo hakuna mchezo, na bila mchezo Anders hataingia kabisa. Alimgeukia mkewe, na Ardis, kwa mara moja maishani, alisema kwa sauti ya chini.

"Nenda tu. Nitapiga kelele za watu wawili."

"Ndivyo unavyofanya siku zote," alisema Merle, akamrudishia kengele.

Njia ya kushuka ilipita mbele ya benchi la Korongo. Anders alimwona babu yake akipokea kile kizibao cha rangi ya chungwa na kukivaa. Aliinamisha kichwa, akaanza kukaza kamba za viatu ambazo tayari zilikuwa zimekazwa. Jambo hilo lilimuuma Merle kuliko baridi.

Na kwa kuwa dunia ina vituko vyake, ilipofika robo ya nne mkimbiaji wa kwanza akateguka bega na wa pili akawa anachechemea. Kocha alipaza sauti, "Tveit! Amka, ingia!"

Anders akapewa mpira. Hakuwa na kasi ya kutisha, lakini miguu ya mtu aliyekua akifukuza ndama kwenye matope haianguki kirahisi. Alipenya, akavutwa, akapenya tena. Akatimiza yadi kumi, na mnyororo ukasogezwa. Akapewa tena, akatimiza tena. Watu waliokuwa wameanza kuelekea kwenye magari walirudi mbio. Ardis alikuwa juu ya benchi na kengele yake. Pembeni, upande wa wageni, mzee mmoja alikimbia na fimbo sambamba na mjukuu wake, akisimama anaposimama, akikimbia anapokimbia, amefunga mdomo kama aliyejaza maji. Machozi yalimtoka kwa sababu ya upepo, ndivyo alivyomwambia Delmar.

Wakafika karibu kabisa na mstari wa goli, dakika zimebaki chache. Jaribio la nne. Kila mtu uwanjani alijua mpira atapewa nani. Anders alijitupa katikati ya rundo la watu, na rundo likamlalia.

Mwamuzi aliwaondoa mmoja mmoja. Alitazama mpira, akatazama pembeni, akauita mnyororo.

Merle alitembea na fimbo ya mbele hadi katikati, Delmar akafuata na ya nyuma. Mpira ulikuwa chini, na Anders alikuwa bado amepiga magoti kando yake, helmeti mkononi, matope hadi nyusi. Delmar alisimamisha fimbo yake mahali pake. Kisha akageuza uso akaanza kutazama mawingu.

Merle alielewa. Mwamuzi alikuwa ameinama juu ya mpira, hatazami mnyororo. Ukiuacha ulegee kidogo tu, fimbo ya mbele inarudi nyuma upana wa kiganja, mpira umefika, Korongo wanaendelea, na mtoto anakuwa shujaa wa Elstad mpaka azeeke. Delmar asingesema neno hata kwa mchungaji. Hakuna mwingine ambaye angejua, isipokuwa mikono yake Merle. Na Anders, ambaye alikuwa anaitazama ile mikono.

Merle alivuta. Alivuta mpaka mnyororo ukanyooka na kulia, akasimika fimbo. Kati yake na ncha ya mpira ungeweza kupitisha kifuniko cha chupa.

"Babu," Anders alinong'ona, "umefika?"

"Haujafika."

Mwamuzi akanyoosha mkono upande wa pili. Wageni wakaruka kwa furaha. Anders aliinuka. Alipompita babu yake, aliinua kidole kimoja cha shahada kutoka kwenye helmeti. Mikono ya Merle ilikuwa imeibana fimbo, haikuweza kumjibu.

Wageni walikaa na mpira mpaka muda ukaisha. Korongo walikuwa wamepoteza msimu mzima bila kubakiza hata mechi moja.

Kuna desturi pale Nordhus kwamba baada ya mechi ya mwisho wale wanaomaliza chuo hubaki peke yao katikati ya uwanja kwa muda wanaoutaka, na jamaa zao huwangoja pembeni bila kuwaita. Jukwaa lote linajua. Wageni nao, wakipanga mizigo yao, hushusha sauti. Anders alisimama pale na wenzake, mgongo kwa babu yake.

Merle alimkabidhi Delmar fimbo. Akavua kile kizibao, akakikunja, akakiweka kwenye nyasi. Akaingia hatua mbili uwanjani, akafungua kinywa.

"Anders!"

Ilitoka imepasuka, kama mlango wa ghala ambao haujafunguliwa miaka. Wageni waligeuka. Desturi ilikuwa imevunjwa na mtu ambaye hajawahi kuvunja hata ukimya.

"Anders Tveit! Umekimbia vizuri! Umekimbia vizuri sana, mwanangu! Mama yako angekuona!"

Anders aligeuka taratibu. Umbali ulikuwa nusu ya uwanja. Aliinua mkono akauweka sikioni.

"Sijasikia, Babu!"

Alikuwa amesikia. Uwanja mzima ulikuwa umesikia, na jukwaani kengele ilikuwa imenyamaza mkononi mwa Ardis, ambaye alikuwa analia bila neno. Merle akajaza kifua ile hewa ya baridi, akaita tena.