Siku Honi Aliponyamaza

Kama hujamsikia Honi akiita abiria, basi hujafika stendi yetu ya mabasi. Mwanamke mfupi, kofia ya jua kichwani, mikono kiunoni, akipaza sauti mara moja tu, abiria aliyekuwa bado nyumbani anafunga mlango na kukimbia. Kazi hiyo ndiyo iliyowalisha wanawe na ndiyo iliyompa jina. Jina lake la kuzaliwa sasa analijua mama yake tu.

Mumewe ni fundi saa, na ukiwaona pamoja utacheka. Bwana huyu hushinda kimya, kioo jichoni, na akitaka chai hugonga kikombe kwa kijiko. Wapangaji wanamwita Bubu, naye hata hilo hajawahi kulijibu.

Hawa wawili waliweka nyumba rehani kwa kampuni ya mikopo wapate kumalizia vyumba vya uani. Walilipa vizuri mpaka fundi saa alipopasuliwa macho, hapo wakachelewa. Walichelewa, hakuna anayebisha. Lakini asubuhi moja akaingia mtu na tepu ya kupimia, akaanza kupima sebule huku wenyewe wamekaa wanakunywa chai. Ati nyumba kainunua. Ati mnada ulipigwa Jumamosi, hapo hapo mlangoni kwao. Jamani! Honi alimjibu kwa sauti ya stendi, mtaa mzima ukamwagika nje, na yule bwana akatoka mbio, tepu kaiacha sakafuni.

Ila kelele hazifuti mnada. Wakaenda mahakamani kuomba jaji aupitie mnada ule, aone kama ulikuwepo kweli au umepikwa. Wakishindwa, wanahama.

Kikao cha kwanza Honi alikiharibu vibaya. Kila wakili wa kampuni alipofungua kinywa, Honi alimjibu kutoka kwenye benchi, mpaka jaji, mama wa makamo asiyependa mchezo, akashusha miwani na kumwambia kwamba akisikika tena kesi yake ataisikilizia nje. Wakili wao alikuwa binti wa msaada wa kisheria, mpole, na siku hiyo alitoka jasho kama mbeba magunia. Walipofika kwenye korido akamshika mkono.

"Mama, nyumba haijauzwa bado. Lakini mdomo huu utaiuza."

Ndipo binti huyo alipozuka na dawa yake. Kikao cha pili alikuja na mfuko wa pipi kubwa, zile ngumu, akamkabidhi fundi saa: maneno yakimpanda mama, baba ampe pipi. Basi Honi akakaa benchi la mbele, shavu limevimba, kimya kama maji ya mtungini. Nyuma yake walijaa madereva na makondakta walioacha magari stendi, na wote walikuwa wakimtazama yeye, maana hawakuwahi kuona jambo lile.

Akapanda kizimbani dalali aliyeendesha mnada. Huyu kikao cha kwanza hakuwepo. Alikuwa na suti nzuri na maneno laini, na alieleza vizuri jinsi alivyopiga kengele, wanunuzi wakaja, bei ikapanda. Honi akafungua mdomo. Fundi saa akaweka pipi. Dalali akamwona mama wa watu ametulia tuli, ananyonya pipi yake, akadhani ndivyo alivyoumbwa. Njia ya mwongo fupi, nayo yake ikaishia pale.

Akasema mwenye nyumba mwenyewe, mama yule pale, alikuwepo. Alisimama mlangoni akatazama mnada wote.

"Alipinga?" wakili wa kampuni akamuuliza.

"Hapana. Alisimama kimya tu. Hata neno moja hakusema."

Loo! Benchi la nyuma likalipuka kwa kicheko. Kondakta mmoja alijiziba uso kwa kofia, mabega yanatikisika. Askari wa mahakama akaita utulivu, na ulipopatikana, jaji naye alikuwa ameuma midomo.

"Unamzungumzia mama huyu?" akauliza.

"Ndiye huyo, Mheshimiwa."

"Na alinyamaza."

"Kabisa, Mheshimiwa."

Jaji akamtazama Honi, kisha akaandika. Binti wakili akainuka na upole wake ule ule. Akamwomba dalali awataje wanunuzi waliopandisha bei. Akamtaja yule mwenye tepu. Mwingine? Dalali akakohoa, akaomba maji. Akaulizwa kama yule mwenye tepu anamfahamu. Akanywa maji yote, halafu akakiri kwamba ni shemeji yake. Maneno yakampanda Honi. Fundi saa akampa pipi mbili kwa mpigo.

Baada ya mapumziko ya mchana jaji alirudi na uamuzi. Alisoma polepole, na Honi alikuwa amekamata mkono wa mumewe mpaka vidole vyake mwenyewe vikauma. Deni lipo palepale, jaji akasema, na watalilipa. Lakini mnada wa hadhara haukuthibitika hata kidogo. Mauzo yamefutwa. Nyumba ni ya wenyewe.

Honi akafumbua mdomo. Sauti haikutoka. Pipi ya mdomoni ilikuwa imekwisha, onyo la jaji halikumtisha tena, na bado haikutoka, machozi tu yanamchuruzika kwa furaha.

Aliyesimama ni fundi saa. Kimya kingi kina mshindo mkuu, wahenga walijua walilosema. Bwana yule alitupa mikono juu na kupiga ukelele ambao madirisha yaliuitikia, akarudia, "Nyumba yetu! Nyumba yetu!" na mfuko wa pipi ukapasuka, pipi zikatawanyika mpaka chini ya meza ya mawakili. Askari akamkamata kiwiko kumtoa nje. Binti wakili akakimbilia kumtuliza.

Honi akamvuta binti kwa nyuma, akamnong'oneza, yeye Honi, kwa sauti ndogo kuliko zote alizowahi kutoa.

"Mwache baba yako apige kelele, mwanangu. Ameisubiri zamu yake tangu tuoane."