Bi Klorini na Chujio la Mkwe

Mwaka wa kwanza wa ajira yake katika mtambo wa kusafisha maji, wenzake walimwita Dada Maabara. Mwaka wa pili wakamwita Klorini. Alipotimiza miaka arobaini wakamwongezea Bi mbele, na ndivyo walivyomwandikia kwenye kadi ya kumuaga alipostaafu. Jina lilitokana na harufu. Kwa miaka thelathini na mmoja alikuwa ameshika dawa ya maji, na dawa ya maji ilimshika yeye: kwenye nywele, kwenye mikunjo ya vidole, kwenye foronya ya mto wake. Watoto wake walipokuwa wadogo hawakungoja kusikia kitasa, walijua mama kafika kabla hajafika. Mumewe, karani mstaafu wa posta na mtu wa maneno ya kuhesabika, aliwahi kusema mara moja tu kwamba kulala naye ni kama kulala kando ya bwawa la kuogelea. Jinsi alivyolisema, haikuwa lawama.

Kazi yenyewe ilikuwa kutia na kupima. Kila asubuhi alihakikisha dawa inadondoka sawasawa kwenye tangi kuu, kisha akabeba kisanduku chake akaenda hadi bomba la mwisho kabisa la mji, nyuma ya gereji moja, kilomita kumi na moja kutoka mtamboni. Hapo alijaza kichupa, akatumbukiza kidonge, akatikisa. Maji yakigeuka rangi ya waridi, dawa imefika. Yakibaki vilevile, dawa imeishia njiani na kuna mtu wa kupigiwa simu. Aliipenda ile rangi, hafifu kama ufizi wa mtoto mchanga. Aliandika namba ya kipimo kwenye daftari, akatia sahihi, mji ukanywa. Hakuna aliyewahi kumshukuru wala yeye hakutegemea. Nani humshukuru mtu kwa kuwa hajaharisha?

Zawadi kubwa ya kustaafu ilitoka kwa mkwe wake, mume wa binti yake mkubwa. Mkwe huyu alikuwa fundi wa mashine za kunakili, kijana mtaratibu, mwembamba, mwenye miwani, na alikuwa na tabia ya kusoma kitabu cha maelekezo cha kila kitu kuanzia ukurasa wa kwanza hadi wa mwisho, pamoja na kurasa zilizoandikwa kwa lugha asizozijua. Aliweka mezani mashine ya kahawa, nyeusi, inayong'aa, ya aina ile unayoitia kikopo kidogo cha kahawa iliyokwisha kusagwa, ukabonyeza, ikakutemea kikombe kimoja. Mzee, mume wa Bi Klorini, aliuliza inakuwaje wageni wakiwa wanne. Mkwe akamweleza kwa adabu kwamba unabadilisha kikopo na kubonyeza mara nne. Mzee akatikisa kichwa na kusema kwamba sufuria hakuona ilikosea wapi.

Hadi hapo mambo yalikuwa shwari. Kisha mkwe akaingiza mkono kwenye boksi akatoa kifuko cheupe chenye mkaa ndani, kidogo kama kidole gumba, akaonyesha mahali pake ndani ya tangi la mashine. Unakiloweka dakika tano, akasema, unakisuuza dakika moja, na kila baada ya miezi miwili unakitupa na kuweka kipya.

"Hiki, mama, ni cha kuchuja maji ya bomba."

Binti alinyoosha mguu chini ya meza amkanyage mumewe, akamkanyaga baba yake.

"Kinachuja nini, baba?" Bi Klorini aliuliza kwa upole.

Mkwe, kwa kuwa hakujua kusema jambo ambalo halikuandikwa, akafungua kitabu. "Klorini," akasoma, "na ladha nyingine zisizotakiwa."

Aliposikia sauti yake mwenyewe ikitamka neno hilo la kwanza, alishika miwani kana kwamba ndiyo iliyosema.

Bi Klorini hakukasirika. Hakuwa mtu wa kuhukumu bila kupima. Kesho yake alitoa kisanduku chake cha zamani, ambacho wenzake walimwachia kama kumbukumbu, akapima maji ya bomba la jikoni. Waridi. Akayapitisha mashineni bila chujio wala kikopo cha kahawa, akayaacha yapoe, maana moto nao hufukuza dawa, akapima. Waridi, japo lililopauka. Akaweka chujio, akarudia. Maji yalibaki maji. Akatikisa kichupa, akakinyanyua dirishani, akaongeza kidonge cha pili kinyume cha utaratibu aliousimamia maisha yake yote. Hakuna kitu. Alirudia mara tatu, kisha akakaa kwenye kigoda. Mashine ilikuwa imetumia nusu dakika kuiondoa dawa yote.

Alichokuwa anajiuliza hakumwambia mtu. Alijiuliza akiosha vyombo, alijiuliza akianika nguo. Kama kitu alichokitia miaka thelathini na mmoja ndicho watu wanachokitoa kwa furaha mara tu wanapopata uwezo, na mwisho wa yote wanasema sasa maji ni matamu, basi yeye alikuwa anafanya nini muda wote ule? Lilikuwa swali dogo, la kumtosha mtu mmoja, na alilibeba peke yake.

Hadharani alichukua hatua. Alibandika karatasi kwenye ukuta wa jikoni: kila anayekunywa kikombe kimoja cha kahawa ya mashine atakunywa na bilauri moja ya maji ya bomba, papo hapo, ili kilichotolewa kirudishwe. Mzee aliisoma mara mbili, akiwa na jicho la karani, akauliza tu kama bilauri inahesabiwa kabla ya kahawa au baada. Baada, akaambiwa. Akaongeza mstari huo kwa mwandiko wake mzuri wa posta.

Jirani mshonaji alikuja akanywa kahawa, akanywa na bilauri, akasifia. Mara ya pili alikumbuka ameacha pasi kwenye umeme. Tangu hapo akawa anasalimia kutoka ng'ambo ya ua, akitembea. Mkuu wa maabara wa zamani alifika kumjulia hali, akanywa vikombe viwili na bilauri mbili amesimama wima kama anayekula kiapo, akakiri kwamba kihesabu wazo hilo halina kasoro, na hakuonekana tena.

Aliyeumia zaidi ni mkwe. Kahawa hakuweza kuikataa kwa kuwa mashine aliileta mwenyewe. Maji hakuweza kuyakataa kwa kuwa anayemimina ni mama mkwe. Kila Jumapili vikombe vitatu, bilauri tatu, halafu saa nzima barabarani kurudi kwake. Vyoo vya vituo vyote vya mafuta alivijua kwa rangi ya milango. Kwenye kimoja, mhudumu akiona gari lake linakata kona alimnyooshea ufunguo kwa mbali.

Binti alipiga simu. Alianza kwa salamu, akaenda kwenye hali ya hewa, halafu uvumilivu ukamwishia.

"Mama, unamuua mume wangu kwa maji."

"Maji hayo yamepimwa," akajibu Bi Klorini.

Binti alisema hilo halina ubishi, ila kwa nini asikitoe hicho kifuko wakaachana na vituko, kwani mashine inafanya kazi hata bila chujio, mume wake amesoma. Bi Klorini alitaka kusema kwamba akikitoa atakuwa amekimbia, na hatajua kamwe alikuwa anafanya nini miaka yote ile. Badala yake alisema ana nguo kambani.

Jumatano iliyofuata mkwe alikuja peke yake, akiwa amebeba boksi tupu la mashine. Aliliweka mlangoni akalipa kisogo, kama mtu aliyefuatwa na mbwa asiye wake. Hakusema ametumwa nini, na hakukuwa na haja. Mzee alipoliona lile boksi alikumbuka kwamba ua unahitaji kupunguzwa, akachukua ngazi akatoka.

Bi Klorini alimkaribisha mkwe jikoni akamwambia akae. Alitengeneza kikombe kimoja chujio likiwa ndani, akalitoa, akatengeneza kingine. Kikopo cha aina ileile, maji ya bomba lilelile. Chini ya kila kisahani aliweka kipande cha karatasi chenye namba, akamwambia mkwe aangalie ukutani huku yeye akivihamisha mara kadhaa.

"Nataka jibu la kweli," akasema. "Usinijibu kama mkwe wangu. Nijibu kama unakagua mashine ya watu."

Mkwe alionja cha kushoto. Akaonja cha kulia. Miwani ilipata ukungu akaivua, na bila miwani alionekana kama mvulana wa shule aliyeitwa mbele. Akaomba maji ya kusukutua, akarudia tena. Bi Klorini alimwona akiuandaa uongo. Aliuona ukipanda hadi kooni, ukajitengeneza, ukasita, ukarudi chini.

"Hiki," akasema, akikisogeza cha kushoto. "Nisamehe, mama. Hiki ni kitamu zaidi. Kile kingine kina harufu."

"Harufu ya nini?"

Mkwe aliinamisha kichwa.

"Yako, mama."

Nje mkasi wa mzee ulisikika ukikata. Bi Klorini aliinua kisahani cha kushoto akasoma namba, ingawa alikuwa ameshajua. Alitafuta hasira ndani yake akakuta haipo. Katika miaka yote ile watu walimwambia maji mazuri, maji mazuri, kwa namna ile wanayosema habari njema, na hakuna hata mmoja aliyewahi kukaa chini, akaonja, akamwambia alichokikuta. Huyu alikuwa amemjibu kama kichupa kinavyojibu.

"Unajua dawa inatiwa ya nini?" akamuuliza.

Mkwe alisema ni ya kuua vijidudu.

"Vya mtamboni tunavimaliza asubuhi. Inayobaki ni ya njiani. Kilomita kumi na moja za bomba la zamani, limepita chini ya mitaro, limepita chini ya vyoo, lina nyufa zisizohesabika. Maji hayawezi kupita huko peke yake." Alikuwa amewaeleza hivyo wanafunzi wa mafunzo kazini kila mwaka, kwa chaki, na alishangaa jinsi maneno yalivyomtoka mapya.

Mkwe alifikiri. Mtu mwingine angetafuta neno la kumfariji. Yeye alikuwa fundi.

"Kwa hiyo yakishafika?"

Bi Klorini akakivuta kile kikombe cha kushoto akanywa, kwa mara ya kwanza tangu mashine iingie nyumbani kwake. Alitafuta harufu yake, ileile ya foronya na ya vidole, hakuisikia popote. Ilikuwa kahawa tu. Akanywa tena.

"Yakishafika, dawa imemaliza kazi," akasema. "Ni kitamu kweli."

Wakakaa hivyo, kahawa ikipoa, hadi hali ya jikoni ikawa nyepesi kiasi kwamba mkwe akajisahau. Akasema hata wao kwao wana mashine kama hiyo, wanaipenda sana.

"Ina chujio?"

"Ina chujio, mama."

"Mmelibadilisha lini?"

Mkwe alivaa miwani. Kitabu alikuwa amekisoma, miezi miwili alikuwa ameiona kwa macho yake, lakini binti alisema kifuko bado ni cheupe kwa nje, na katika nyumba ile binti akisema imetosha. Alihesabu kwa vidole chini ya meza.

"Kama miezi kumi na minne."

Bi Klorini aliweka kikombe chini. Kifuko chenye unyevu, miezi kumi na minne, ndani ya maji ambayo ulinzi wake umeondolewa makusudi: vijidudu vingetaka nini zaidi ili vizaliane? Alisimama akafungua kabati, akatoa kisanduku chake na vichupa sita. Kwa kuwa mkoba haukuwa karibu, alivipanga kwenye lile boksi tupu, akavifunika kwa taulo, akamkabidhi mkwe abebe.

Mzee, akiwa juu ya ngazi, aliwaona wakipita na boksi akauliza kama ndiyo mashine inaondoka.

"Mashine inabaki," akasema Bi Klorini, akifunga mtandio. "Naondoka mimi."

Mzee alitafakari hilo, mkasi ukiwa wazi mkononi.

"Utarudi saa ngapi?"

"Nikishapima."