Siku Niliyoanguka Kweli Zhongda

Kuna siku naikumbuka, mwanangu, na kila ikinijia mwili hunisisimka. Nilikuwa kijana, nimetoka Mombasa kununua vitambaa Guangzhou, na Kichina changu hakikufika hata cha kuombea maji.

Basi nikabuni ujanja. Chumbani kwetu mtaa wa Sanyuanli, mimi na wafanyabiashara wenzangu tulikuwa tukitazama zile filamu fupi za Kimarekani za zamani, zisizo na sauti: watu wanateleza, wanapigwa keki za uso, wanaanguka na kuinuka wakipangusa kofia. Nikajifunza kuanguka kama wao. Nikitajiwa bei soko la Zhongda, nashika kifua, nazunguka, chini pu! Wenye maduka hucheka hadi machozi, bei ikashuka. Sifa zikanilevya, nikwambie kweli.

Safari moja nilifika na homa. Sikumwambia mtu, mchekeshaji naye aumwe? Tulipoingia duka letu la kila safari, kabla hata bei haijatajwa, miguu ikaniishia nguvu nikaenda chini.

"Cheki huyu buda, leo ameanza mapema!" akasema Barasa, mwenzangu wa Nairobi.

Wakacheka wote, wakapiga makofi. Nilitaka kusema naumwa, ulimi ukakataa. Kisha masikio yakaziba. Nikawaona wamenizunguka, midomo wazi, meno nje, mabega yanatikisika, na sauti hakuna. Kimya kabisa. Nikadhani nimeingia ndani ya mojawapo ya zile filamu, ambayo watu wake wote walishakufa zamani. Niliogopa, mwanangu, sijawahi kuogopa vile.

Mmoja tu hakucheka: mama mzazi wa mwenye duka, ajuza aliyekuwa akikunja vitambaa pembeni. Alipiga magoti, akanigusa shingo, akawafokea.

Nilipozinduka hospitalini, Barasa alikuwa analia. "Yule shosho ametugombeza, bro. Mwanawe ametutafsiria kwa Kiingereza cha kuokoteza: anasema siku zote unaangukia mkono. Leo umeangukia uso. Ati sisi ni marafiki gani, hatukuona?"

Sasa nisikilize. Chekesha watu, si vibaya. Lakini usifiche maumivu yako ili wengine waendelee kufurahi, maana siku yatakapokuzidi watakushangilia. Na ukimwona mwenzako yuko chini, mguse kwanza. Kucheka utacheka baadaye. Mungu akulinde, akupe umri na afya, na popote watu watakapokuzunguka wakicheka, akuwekee mmoja asiyecheka.