Mguu wa Kulia wa Fiston

Shemeji yangu Fiston amebeba abiria kwa pikipiki hapa Bunia miaka kumi na miwili, na kwa maringo hana mpinzani. Abiria akijitikisa kidogo tu nyuma yake, anaambiwa atulie, yuko mikononi mwa fundi. Kisha matope ya njia ya Komanda yakamwangusha na kumvunja mguu wa kulia. Plasta ilitolewa kabla ya Pasaka, lakini hadi juzi alikuwa akichechemea na fimbo, akiagiza maji ya moto ya kukandwa kama chifu.

Mimi nilijua ni uongo. Nilimkuta uani akimkimbiza mbuzi aliyevamia maharage, na aliyechoka kwanza ni mbuzi. Akanisihi nisimwambie dada yangu Joséphine. Alisema barabara imemtia woga, na mke akishajua hilo hatamheshimu tena. Nikanyamaza, ingawa ulimi uliniwasha vibaya.

Joséphine, kwa kuwa Arielle na wadogo zake lazima wale, alijifunza pikipiki mwenyewe na kuanza kupeleka vitunguu vyake sokoni. Jumapili akamwamuru mumewe apande nyuma waende misa. Mimi nikachukua pikipiki nyingine nikawafuata, sikutaka kukosa hata kidogo. Dada alipokata kona ya kulia, Fiston aliegemea kushoto. Akatoa amri za gia, akasali. Kwenye mteremko mama mmoja akakatiza na bidoni zake za maji, na Fiston, kwa mazoea ya fundi, akaunyoosha ule mguu mgonjwa na kukanyaga breki kwa nguvu zote, juu ya kiatu cha mkewe.

Pikipiki ikazimika. Joséphine akautazama ule mguu.

"Muguu ilipona tangu wakati gani, Papa Arielle?"

"Tangu Pasaka." Akainamisha kichwa. "Niko naogopa barabara. Kila nikipanda naona ile matope. Nilisema ukijua, utanizarau."

Nakiri, nilikuwa nasubiri kofi.

"Miye niliogopa kila asubui ukitoka, myaka kumi na mbili, na haukuniuliza hata siku moja," alisema dada. "Ata sasa niko naogopa. Basi tutaogopa wawili. Panda, misa iko naanza."

Fiston akapanda, akamshika kiunoni mbele ya waumini wote waliokuwa njiani kwenda misa, na breki akamwachia dereva mwenyewe.