Meno ya Wambura

Juzi kliniki, kule Bunda, nesi alimfunua mwanangu mdomo akanionyesha vivimbe viwili vyeupe kwenye ufizi. "Mama, haya ni meno yanajiandaa kuota. Hata akiharisha, msiyaguse. Mleteni hapa."

Nikakumbuka mchana mmoja nyumbani Butiama. Mdogo wangu Wambura, bado mchanga, alikuwa anaharisha, chumba kizima kikinuka maziwa yaliyochacha. Bibi jirani akasema ni meno ya nailoni yaliyojificha kwenye ufizi, ndiyo yanayomuua mtoto, lazima yang'olewe. Akanoa spoku ya baiskeli. Mama aligeukia ukuta. Mimi nikaambiwa nishike miguu. Niliishika kwa nguvu zangu zote, nikijua namponya.

Vijino viwili viliwekwa kwenye jani la mgomba, laini kama punje za mahindi mabichi. Nilivirusha juu ya bati, kama tulivyokuwaga tunafanya na meno yetu yaking'oka, ili Wambura aote mengine. Sikuvisikia vikitua.

Kila asubuhi nilimfunua mdomo kuangalia. Asubuhi ya nne Mama alinishika mkono.

"Mwache, mwanangu. Mwache alale."

Nikatoka nikinyata, nisimwamshe.